Karatasi mbili shingoni: Wino wa Majengo na mafundi wake

Mwanamume Mwafrika aliyeishi katika kijiji cha Pangani, Nairobi, miaka ya 1920, aliweza kuwa amevaa karatasi mbili shingoni. Ya kwanza alilazimishwa na serikali. Kilikuwa kipande, kimekunjwa ndani ya kikopo cha chuma na kutungikwa kwa kamba, kikiwa na jina lake, kabila lake, alama ya kidole kilichochovywa katika wino mweusi, na maelezo ya waajiri wake. Karatasi ya pili aliitaka mwenyewe. Aliandikiwa na mwalimu wa mtaa kwa kalamu ya mwanzi, ikakunjwa hadi ikawa ndogo kama ukucha, ikashonewa ngozi au kitambaa, naye akaificha ndani ya kanzu. Hiyo ndiyo hirizi.

Kipande kimeandikwa sana. Tunajua sheria yake ilipitishwa 1915 na kuanza kutekelezwa baada ya Vita vya Kwanza vya Dunia, kwamba kila mwanamume Mwafrika aliyetimiza miaka 16 alitakiwa kukibeba, na kwamba watu walikifananisha na kengele ya mbuzi. Tunajua Harry Thuku, aliyewahi kupanga herufi katika kiwanda cha gazeti hapa Nairobi, aliongoza upinzani dhidi yake, na kwamba tarehe 16 Machi 1922 umati uliokuja kudai aachiliwe ulimiminiwa risasi nje ya kituo cha polisi, Mary Muthoni Nyanjiru akiwa miongoni mwa waliouawa. Wino wa serikali una makavazi, una wasomi, una siku zake za kukumbukwa.

Aliyeandika ile karatasi ya pili hana hata kimoja. Mitaani Eastlands jina lake hubadilika kulingana na anayemtaja. Wanafunzi wake humwita mwalimu, wagonjwa humwita mganga wa kitabu, na wasiompenda humwita mchawi. Nadhani mji huu unamdai kwa sababu moja nitakayoieleza wazi. Huyu ndiye aliyekuwa mwandishi wa mtaa wakati ambapo Mwafrika wa Nairobi aliandikwa zaidi kuliko alivyoandika, na maandishi yake yanapotea sasa hivi, nyumba kwa nyumba, huku tukitazama.

Ili kumwelewa ni lazima kuielewa Majengo. Reli ilipofika Nairobi 1899 ilikuja na watu wa pwani na wa bara waliokwisha kuzoea maisha ya misafara: wapagazi, askari, wapishi, mafundi, wachuuzi. Walijenga vijiji vyao pembezoni mwa mji, vikaitwa Mombasa, Maskini, Kaburini, Kileleshwa, Pangani. Serikali haikuvipenda. Mwanzoni mwa miaka ya 1920 ikapima viwanja Pumwani, mahali ambapo watu walipaita Majengo, na kuwahamishia Waafrika huko. Pangani ilisimama muda mrefu kuliko vingine, lakini kufikia 1939 ilikuwa imebomolewa, na wenye nyumba wake wengi wakapelekwa Shauri Moyo, ng'ambo tu ya Pumwani.

Mtafiti Janet Bujra, aliyeichunguza Pumwani na kuchapisha matokeo yake miaka ya 1970, alionyesha jambo ambalo wazee wa mtaa hawakuhitaji kuonyeshwa: sehemu kubwa ya waliojenga nyumba hizo za udongo na mabati walikuwa wanawake. Walikuwa Wakikuyu, Wakamba, Wamaasai, Wanandi, waliotoka vijijini kwa sababu zao, wakafanya kazi za mji, wakakusanya pesa, wakanunua kiwanja. Wengi walisilimu. Kwao Uislamu ulikuwa dini, tena ulikuwa ukoo mpya, maana aliyekatana na ukoo wa baba yake alihitaji watu wa kumzika. Walijifunza Kiswahili cha ndani, wakavaa leso na buibui, wakatwaana kuwa dada na somo, wakawaachia nyumba wale waliowachagua wenyewe.

Jamii kama hiyo haiendi bila mwalimu. Yeye humpa mtoto jina, husoma khutuba ya ndoa, huosha maiti. Alifundisha alifu na be kwa ubao na wino wa masizi. Mama mwenye nyumba asiyejua kusoma alipotaka kuusia, au alipopokea barua kutoka Mombasa, alikwenda kwa mtu mwenye kalamu. Na mtoto wa mpangaji alipopandwa na homa usiku, alikwenda kwa mtu huyo huyo.

Ufundi aliokuwa nao haukuzaliwa Nairobi. Ulipanda na reli. Nyuma yake kulikuwa na karne nyingi za wino katika visiwa vya Lamu: Pate, ambako Bwana Mwengo alitunga Utendi wa Tambuka 1728, na Siyu, mji mdogo ambao waandishi wake walinakili misahafu kwa mkono na kuipamba kwa wino mweusi, mwekundu na wa manjano juu ya karatasi zilizotoka ng'ambo. Kama kuna mtu mmoja anayestahili kuitwa bingwa wa wino wa Waswahili, basi ni Muhamadi Kijuma wa Lamu, aliyezaliwa katikati ya karne ya 19 na kufariki 1945. Alikuwa mshairi, mwanamuziki, mchonga milango na mwandishi wa hati ambaye mwandiko wake unatambulika kwa kutazama mara moja. Alice Werner, William Hichens na Ernst Dammann walimtegemea awaandikie tenzi, na sehemu kubwa ya tenzi tunazosoma leo tumezipata kupitia mkono wake. Nakala hizo ziko London na Ujerumani.

Kijuma alipata wanunuzi kutoka Ulaya, na kwa hiyo jina lake likabaki. Mwalimu wa Majengo alipata wanunuzi wenye njaa na homa.

Kazi yake iliyojulikana zaidi ilikuwa kombe, na nataka niieleze polepole, kwa sababu vijana wengi wa Buruburu na Umoja wanaisikia tu kama tusi. Mwalimu hutia udhu. Huchukua nyuzi za zafarani, akaziloweka katika marashi hadi maji yageuke rangi ya chungwa iliyokolea. Huo ndio wino. Kalamu ni ya mwanzi au kijiti kilichochongwa ncha, kwa maana kalamu ya chuma hukwaruza. Karatasi ni sahani nyeupe ya kauri, safi, isiyo na ufa. Huanza kwa Bismillahi, kisha Fatiha, Ayatul Kursiyu, au aya zinazotaja ponya, akizungusha maandishi kutoka ukingoni kuingia katikati ama kwa mistari iliyonyooka, kila mwalimu na mtindo wake. Huachwa yakauke. Baadaye humiminwa maji, maandishi yakaachia sahani taratibu, na mgonjwa akanywa. Yaliyobaki hupakwa kifuani au kichwani. Hakuna tone linalomwagwa mahali pa kukanyagwa.

Mimi nilinyweshwa nikiwa mtoto Shauri Moyo. Ninachokumbuka ni uchungu kidogo wa zafarani na harufu ya marashi kupanda puani, na bibi akinishika kidevu ili nisiteme. Sitadai kwamba lilinitibu. Ninachodai ni kwamba nyumba nzima ilinyamaza kwa ajili yangu, na kwamba mtu aliyejua kuandika vizuri alikuwa ameketi chini, akachukua muda wake, akaniandikia mimi.

Wako wanaofikiri haya yote ni mambo ya Kiafrika yaliyobandikwa jina la Uislamu. Historia haiwaungi mkono. Ibn al-Qayyim, mwanachuoni wa Damascus aliyefariki 1350, anasimulia katika maandishi yake ya tiba kwamba Imam Ahmad bin Hanbal alikuwa akimwandikia mwanamke aliyeshindwa kujifungua, katika chombo cheupe au kitu safi. Anataja pia kuandika aya za mwanzo za sura ya Inshiqaq, zinazozungumzia mbingu kupasuka, mwanamke akanywa na kunyunyiziwa tumboni. Kutoka Damascus ya karne ya 14 hadi vyumba vya Digo, Majengo, mkono uliopeleka sahani kwa mzazi ni mmoja.

Na uzazi ndio uliomfanya mwalimu wa Majengo kuwa jirani wa daktari. Mwaka 1926 ilifunguliwa wodi ya wazazi iliyopewa jina la Lady Grigg, mke wa gavana, na ndiyo iliyokua ikawa Hospitali ya Uzazi ya Pumwani, ambako sehemu kubwa ya Nairobi imezaliwa. Kwa miongo kadhaa mwanamke wa mtaa huu aliweza kunywa kombe alfajiri na kuwa mikononi mwa mkunga wa hospitali kabla ya adhuhuri. Hakuona ugomvi kati ya viwili hivyo. Nionavyo mimi, alikuwa na busara kuliko wengi wanaobishana leo, kwa sababu alimwendea kila mmoja kwa kazi yake.

Upande wa pili wa meza ya mwalimu ulikuwa na hesabu. Herufi za Kiarabu kila moja ina thamani ya nambari, na ukizijumlisha herufi za Bismillahi r-Rahmani r-Rahim unapata 786, nambari ambayo mpaka leo utaiona imeandikwa juu ya milango ya maduka na vioo vya malori. Kutokana na hesabu hiyo huja jadweli, yale mapambo ya visanduku yaliyojaa tarakimu. Iliyo maarufu zaidi ina visanduku tisa: 4, 9, 2 juu, 3, 5, 7 katikati, 8, 1, 6 chini. Jumlisha upande wowote, hata mshazari, jibu ni 15. Pembe zake nne ni 2, 4, 6 na 8, na katika nchi za Kiarabu watu waliandika 8642 juu ya barua ili ifike salama. Kwa mtu ambaye barua yake ya kwenda nyumbani ilikuwa na pesa ya miezi mitatu ndani, hilo si jambo dogo.

Lakini hapa ndipo njia zinapogawanyika. Kitabu kilichoandikwa kwa jina la al-Buni, mwanachuoni wa karne ya 13, Shams al-Maarif, pamoja na vitabu vya nyota vya Abu Maashar, viliwapa waganga wa pwani ujuzi wa falaki, wa majini na wa kutabiri. Walimu wengi waliogopa kuvigusa. Waliosema “mimi ni mtu wa aya tu” walitaka ieleweke kwamba hawaandiki majina wasiyoyajua. Wengine walivigusa, wakapata wateja wengi zaidi na heshima ndogo zaidi. Wenyeji walijua kuwatofautisha. Mgeni hakujua, na sheria haikujisumbua: Sheria ya Uchawi ya 1925 ilitungwa na watawala walioogopa kila aliyedai nguvu wasiyoweza kuisajili.

Upinzani mkali zaidi hata hivyo ulitoka ndani. Sheikh al-Amin bin Ali Mazrui wa Mombasa, aliyeanzisha gazeti la al-Islah 1932 na kuwa Kadhi Mkuu 1937, alipigana na aliyoyaona kuwa bidaa na ushirikina, akiwataka Waislamu waache kutegemea miujiza na waende shule. Baada yake Sheikh Abdalla Saleh al-Farsy, Mzanzibari aliyekuwa Kadhi Mkuu wa Kenya tangu 1968, akafanya jambo lililoutikisa ufalme wa mwalimu kuliko karipio lolote. Tafsiri yake ya Qurani kwa Kiswahili ilichapishwa hapa Nairobi 1969. Ghafla mwanamke wa Majengo aliweza kusoma mwenyewe maana ya aya alizokuwa akizinywa. Wino wa kiwanda ulikuwa umefika, na haukuhitaji kuoshwa ili uingie mwilini.

Nawaheshimu masheikh hao wote wawili, na ninaona walichokiona. Tembea leo kutoka Gikomba ukifuata Jogoo Road hadi Donholm na Kayole, utazame nguzo za stima. Zimebandikwa matangazo ya daktari kutoka Tanga, profesa kutoka Pemba, mzee kutoka Sumbawanga: kurudisha mpenzi, kupata kazi, kushinda kesi, kuongeza nguvu za kiume, kuponya sukari na presha. Wino huo ni wa printa, na namba ya simu ndiyo dawa yenyewe. Anayemwambia mgonjwa wa kisukari aache insulini ili anywe maji ya sahani anaua, hata akisoma Qurani nzima juu ya sahani hiyo. Majengo inalijua hili kuliko mitaa mingine. Katikati ya miaka ya 1980 watafiti wa Chuo Kikuu cha Nairobi na wa Manitoba, Canada, walianza kuwafuatilia wanawake waliouza ngono mtaani humo, na kwa damu ya wanawake hao ulimwengu ukajifunza kwamba wako watu wachache ambao mwili wao huzuia virusi vya Ukimwi. Wengi wao lakini waliambukizwa, na wengi walikufa kabla ya dawa kufika. Hakuna zafarani iliyowaokoa. Walioambukizwa na kubaki hai, waliwekwa hai na vidonge.

Kwa hiyo silii kwa sababu kombe linapungua kama tiba. Ninachokililia ni mkono.

Zafarani imekuwa ghali, basi rangi ya chakula imechukua nafasi yake. Sahani imekuwa taabu kubeba, basi aya huandikwa kwenye vipande vya karatasi, mgonjwa akaenda kuviloweka nyumbani katika chupa ya maji. Wengine wameacha wino kabisa wakashika ruqya ya sauti: mgonjwa husomewa, au hupewa rekodi ya kusikiliza kwenye simu. Kwa hoja za kidini huenda hilo ni salama zaidi. Lakini kijana anayejifunza kusomea watu hajifunzi kuchonga kalamu, hajui kiasi cha marashi kinachoufanya wino ushike kauri bila kutiririka, wala hajui jinsi ya kupanga sura nzima ya Yasini katika duara la sahani hadi neno la mwisho likatua katikati. Hizo ni sanaa za mwandiko. Zimefanywa Nairobi kwa takriban miaka mia moja, na hazimo katika orodha yoyote ya urithi wa mji niliyowahi kuisoma.

Kisha kuna madaftari. Kila mwalimu wa aina hii alikuwa na lake, mara nyingi daftari la hesabu lenye jalada gumu. Humo aliandika kwa herufi za Kiarabu, lugha ikiwa Kiarabu ukurasa huu na Kiswahili ukurasa ule: dua gani kwa maradhi gani, jadweli, majina ya miti, tarehe za kuzaliwa, madeni, kaswida za maulidi, nani alikufa lini na alizikwa na nani. Kwa mtaa ambao serikali iliuandika kwa idadi ya vitanda na kodi ya choo, hiyo ndiyo kumbukumbu iliyoandikwa na wenyewe.

Madaftari hayo hayapotei kwa dharau. Hupotea kwa heshima na kwa hofu. Karatasi yenye jina la Mwenyezi Mungu haitupwi jaani. Huchomwa au huzikwa mahali safi, na ndivyo watoto wema wanavyofanya baba anapofariki. Ukurasa wenye jadweli nao huogopwa, hasa na wajukuu wasiosoma Kiarabu, ambao hawajui kama wameshika dua ya homa au uchawi wa kumwangamiza jirani. Wanachoma haraka. Ongeza sasa ubomoaji: nyumba za zamani za Shauri Moyo na Pumwani zinaondolewa ili kupisha maghorofa, na familia inayopewa siku chache kuhama hubeba friji na televisheni. Sanduku la babu hubaki.

Lamu wameonyesha njia. Hati za msikiti wa Riyadha, ule ulioasisiwa na Habib Swaleh, zilipigwa picha za kidijitali kupitia mpango wa Maktaba ya Uingereza wa kuokoa makavazi yaliyo hatarini, na hati zenyewe zikabaki Lamu, kwa wenyewe. Hilo la mwisho ndilo muhimu, kwa sababu hatutaki daftari la Majengo liishie London kama kazi za Kijuma. Pumwani ina msikiti wenye jina hilo hilo la Riyadha na wazee wanaoaminika. Umbali wa kutembea kwa miguu kuna maktaba ya Kaloleni, na mbele kidogo ile ya Makadara, matawi mawili ya McMillan yaliyokarabatiwa na shirika la Book Bunk na kurudishiwa uhai, yenye watoto wanaosoma humo kila siku. Mashine ya kupigia picha, chumba, na mtu mmoja anayesoma Kiswahili kwa herufi za Kiarabu: kaunti haishindwi na hayo. Na familia inayotaka kuchoma baada ya picha kupigwa, ichome. Ni haki yake.

Kwa mwenye sanduku kama hilo nyumbani, mambo machache. Usiyatandaze madaftari juani hata yakiwa na unyevu. Wino wa masizi utavumilia, lakini wa zafarani hupauka, na ukishapauka hausomeki tena. Yaache kivulini, mahali penye upepo. Usigundishe kurasa kwa selotepu na usizitie plastiki ya moto kwenye duka la fotokopi. Kurasa zilizoshikana usizibandue kwa kisu. Yafunge madaftari kwa kitambaa cha pamba, andika kwa penseli kwenye karatasi ya pembeni jina la mwalimu aliyekuwa nayo, mtaa na mwaka kama unaujua, na umuulize mzee wa karibu yako aliyesoma kwa mwalimu huyo, wiki hii, angali anakumbuka.